Waarabu Hawakujenga Gede, Tafadhali

Juzi tena. Mteja ameniandikia WhatsApp, mtu wa hapa Nairobi, msomi, mpole kabisa, anataka nimpangie ziara ya siku moja ya "ile miji ya Waarabu kule Pwani". Nikampa bei, nikampa tarehe, hilo la Waarabu nikaliacha kwanza kwa sababu ukianza kulijibu kwa meseji hutamaliza leo. Ndio naandika hapa, nilimalize mara moja, na kila atakayeniuliza nitamtumia linki.

Kazi yangu ni kupeleka watu Pwani kwa vikundi vidogo, familia moja gari moja, na ziara ninayoipenda kuliko zote ni ile inayoanza Rabai, karibu na Mombasa, ikaishia Malindi siku hiyo hiyo: kaya (makazi matakatifu ya kale ya Mijikenda, ndani ya msitu), kanisa, magofu, misikiti, bahari. Tukifika Gede, magofu ya mji wa kale wa mawe karibu na Malindi, lazima kuna mtu ataangalia zile kuta halafu aseme kwa sauti ya uhakika, "Kumbe Waarabu walijenga hivi!" Wanaosema ni wakubwa kwa wadogo, wa bara na wa Pwani pia, hata Mdigo wa Kwale nimemsikia akisema. Na huwa naumia. Mtu amesafiri karibu kilomita 600 kuona kazi ya mikono ya watu wa nchi yake, halafu anaipokea kama mali ya mgeni.

Hii imani haikuota tu. Gede ilichimbwa na Mwingereza, James Kirkman, kuanzia 1948 hadi 1958, na alifanya kazi kubwa ambayo hadi leo tunaitegemea. Lakini ripoti yake ya 1954 iliiita Gede mji wa Waarabu, tena kwenye jina la ripoti lenyewe, na enzi hizo za ukoloni ndivyo walivyofikiria, wakiona nyumba ya mawe Afrika swali la kwanza ni mgeni gani aliijenga. Great Zimbabwe nayo walishasema ni ya Wafoinike. Wanaakiolojia waliokuja baadaye wamelipindua hilo wazo zamani sana, ila vitabu vya shule na madereva wa utalii hawajapata habari.

Sasa njia. Mkishuka treni ya usiku pale Miritini bado kuna giza, tunakunywa chai na mahamri na mbaazi polepole, kukipambazuka tunapanda Rabai. Hapo siongei sana. Krapf, mmisionari Mjerumani, alifika Mombasa 1844, mwaka huo huo akamzika mkewe Rosina na mtoto mchanga, 1846 mwenzake Rebmann akaja na wakafungua misheni yao Rabai. Ninachotaka watu waone ni mpangilio: kaya ilikuwa hapo kwanza, wazee wake ndio waliowakubali hao wageni wakae, na msitu wa kaya bado upo, ni mmoja wa misitu ya kaya za Mijikenda iliyoingia kwenye orodha ya UNESCO 2008. Rebmann alipoiona Kilimanjaro 1848 hakuwa peke yake anatangatanga, kiongozi wa msafara wake alikuwa Bwana Kheri, na jina hilo kila mtu anayepiga picha pale makumbusho angepaswa kulijua. Tena muulizie William Jones. Alichukuliwa utumwani akiwa mtoto, akakombolewa, akasomeshwa Nasik huko India, akarudi Afrika akaisimamia misheni ya Rabai wakati watumwa waliotoroka mashamba ya Pwani wanakimbilia hapo kujificha. Kaya hamuingii bila mzee wa kaya, na mpango wa hilo unafanywa siku kadhaa kabla, si kwa simu mkiwa getini.

Kutoka Rabai sirudi Mombasa. Ile barabara ya Kaloleni inatokea Mavueni, karibu na Kilifi, kwa hivyo foleni yote ya Mtwapa unaikwepa. Kuna watu wananikasirikia hapo, mbona Fort Jesus haiko? Fort Jesus ilijengwa na Wareno kati ya 1593 na 1596, Waomani wakaizingira kuanzia 1696 hadi wakaichukua 1698, Waingereza wakaifanya jela, ni jengo kubwa na lina siku yake. Ukiliweka kwenye siku hii linakula nusu ya muda, na mbaya zaidi linampa mtu kipimo cha Wareno kabla hajaona kilichokuwako kabla yao.

Gede basi. Hapa ndipo nachukua muda na sikimbizwi.

Anza na chumba. Nyumba za Gede zina vyumba vyembamba na virefu, upana ni kama mita mbili na nusu, na wageni wengi wananiuliza kwani hawa watu walikuwa wanabanana hivyo wakiwa na pesa? Upana wa chumba umeamuliwa na boriti. Dari lilikuwa zege zito la chokaa na mawe, limebebwa na boriti za mkoko, na boriti ya mkoko haibebi mzigo huo ukiivuta urefu zaidi ya hapo. Kwa hivyo fundi alipiga hesabu yake kutoka kwenye mti unaoota Mida Creek, pale chini tu. Na kwa taarifa yako boriti hizo zilikuwa zinapakiwa majahazini kutoka huku kwenda Uarabuni na Ghuba kwa karne nyingi, kwa sababu kule miti ya kujengea ni shida. Mtu anayesema ujenzi ulitoka kule kuja huku ajue mbao zilikuwa zinatoka huku kwenda kule.

Halafu jiwe. Ukuta ni mawe ya matumbawe ya nchi kavu, magumu, yamepangwa na chokaa iliyochomwa hapo hapo. Lakini pale mahali pa kupendeza, fremu ya mlango, mihrabu (kile kishubaka cha ukutani kinachoonyesha upande wa Makka), wanatumia tumbawe la baharini, na hilo ukilitoa majini bichi ni laini, unalichonga kwa tezo vile unataka, likikauka linakuwa gumu. Weka kidole kwenye ukingo wa mlango wowote pale, uone ulivyonyooka baada ya miaka zaidi ya 500. Huo ni ujuzi wa watu wanaoijua bahari hii, wanajua wapige mbizi wapi na walitoe lini.

Msikiti mkuu ndio unanimalizia kesi. Mihrabu iko kaskazini, maana ukiwa Kenya Makka iko kaskazini, hilo sawa. Lakini simama katikati ya msikiti uangalie mihrabu. Huioni vizuri. Safu ya katikati ya nguzo imesimama mbele yake. Hakuna mnara wa kuadhinia. Juu ya mmoja wa milango kuna mkuki umechongwa kwenye jiwe. Nje kuna makaburi ya nguzo, yaani yaliyosimamishiwa nguzo ndefu ya jiwe, na kaburi la nguzo la namna hii utalipata Malindi, Mambrui, Mnarani, Lamu, linakwenda hadi pwani ya Somalia, ila ukilitafuta Oman ama Yemen hulipati. Kaburi moja lina tarehe, mwaka 802 wa Hijria, yaani 1399. Wareno hawajaja. Waomani hawajatawala Mombasa, hao wanakuja miaka karibu 300 baadaye! Sasa hao Waarabu waliojenga mji mzima, na kuta mbili za kuuzunguka, na visima, na vyoo vya ndani ambavyo Ulaya ya wakati ule wengi hawakuwa navyo, walikuwa ni akina nani hasa?

Na bado hatujaongea juu ya walio wengi. Ule mji wa mawe tunaotembelea ni wa wenye uwezo. Watu wengi wa Gede waliishi nyumba za fito na udongo pembeni, zimeoza, mtalii hazioni, kwa hivyo akilini mwake mji ulikuwa wa matajiri peke yao na matajiri lazima walitoka mahali. Shanga, kule kisiwa cha Pate, Mark Horton alichimba miaka ya 1980 akakuta chini ya msikiti wa mawe kuna misikiti mingine midogo ya miti, mmoja juu ya mwingine, ya chini kabisa ni ya karne ya 8. Watu wale wale, mahali pale pale, wanajenga upya kila wakipata uwezo. Mji umekua kutoka chini, haukuteremshwa kwenye meli.

Sasa kuna wale wanaosoma, nao wananiletea ile ya DNA. Nawashukuru kwa sababu ni swali la kweli. Mwaka 2023 jarida la Nature lilitoa utafiti wa mifupa ya watu 80 waliozikwa miji ya Pwani kati ya 1250 na 1800 hivi, na Chapurukha Kusimba, Mkenya aliyechimba Mtwapa kwa miaka mingi, ni mmoja wa walioufanya. Wakakuta kwa wengi wao zaidi ya nusu ya asili ni ya Kiafrika, hasa kupitia mama, na upande wa baba kuna damu nyingi ya Uajemi, iliyoanza kuchanganyika karibu mwaka 1000. Uajemi, si Uarabuni. Ya Uarabuni inaongezeka baada ya 1500. Kwa hivyo wazee waliokuwa wanasema wana asili ya Shirazi, yaani mji wa Shiraz huko Uajemi, hawakuwa wanadanganya, na sisi tuliokuwa tunasema hakuna mgeni yeyote aliyeoa hapa tulikuwa tumezidisha. Lazima tukubali.

Lakini angalia tarehe. Miji ilishaanza karne ya 8 na hata kabla, mchanganyiko unaonekana karibu 1000. Mgeni alikuta mji, akaoa ndani yake, akajifunza lugha ya mama watoto, watoto wakaongea Kiswahili. Kuoa si kujenga. Na nyumba za mawe kule Lamu na Pate, kwa desturi inayojulikana, nyumba ni ya binti, familia yake ndiyo inamjengea ama kumuongezea ghorofa akiolewa, mume anahamia. Kama ndivyo ilivyokuwa Gede, basi hata pale baba alipotoka Shiraz mwenye nyumba alikuwa mkewe na watu wake. Nasema kama, kwa sababu desturi hiyo imeandikwa vizuri kwa karne za karibuni tu, kuirudisha nyuma miaka 500 ni kuruka mto mpana. Na ile mifupa 80 mingi ilitoka kwenye makaburi ya watu wakubwa, karibu na misikiti, wale wa nyumba za udongo bado hawajahesabiwa vizuri. Picha inaweza kubadilika tena na nitakuja kuandika ikibadilika.

Kuna mengine ya Gede ambayo kila kiongozi atakupa jibu moja kwa uhakika na ukweli ni kwamba wataalamu hawajakubaliana. Mbona mji wa biashara umekaa kilomita kadhaa ndani kutoka baharini? Mbona Wareno waliokaa Malindi, umbali wa kama kilomita 16, hawakuuandika hata mara moja? Na kwa nini watu waliuhama mwanzoni mwa karne ya 17? Wengine wanasema maji ya visima yalizidi kushuka, na kweli kuna kisima kilichimbwa tena kiende chini zaidi. Wengine wanasema Wazimba, wapiganaji waliotoka kusini, ama Waoromo walioshuka kutoka kaskazini, ama biashara kuhamia Mombasa. Mimi naegemea maji, ila sitabishana na anayesema ni yote kwa pamoja. Kitu kimoja kimeshaamuliwa, Julai 2024 UNESCO iliiweka Gede kwenye orodha ya urithi wa dunia, kwa hivyo tutegemee wageni wengi na maswali mengi ya Waarabu.

Malindi tunafika alasiri na hapo naenda haraka. Nguzo ya Vasco da Gama mtaipiga picha, sawa, ina msalaba wa jiwe lililoletwa kutoka Lisbon, na lile kanisa dogo la Wareno lenye paa la makuti liko karibu, Francis Xavier alipita Malindi 1542 akielekea India. Lakini da Gama alipofika Aprili 1498 alikuta mji ambao 1415 ulishapeleka twiga China kwa mfalme wa Ming. Alipewa nahodha wa kumvusha hadi Calicut, India, kwa sababu watu wa hapa njia hiyo waliijua, na ile hadithi ya kwamba nahodha huyo alikuwa Ahmad ibn Majid, yule baharia mashuhuri wa Kiarabu, wanahistoria wengi wameshaiacha, anaonekana alikuwa Mgujarati. Baada ya hapo nawapeleka Msikiti wa Juma na yale makaburi ya nguzo pembeni yake. Mtu aliyetoka Gede saa chache zilizopita anaitambua ile nguzo mwenyewe kabla sijafungua mdomo, na ndiyo sababu Malindi naiweka mwisho.

Msikiti huo unaswaliwa, si makumbusho. Kina mama wabebe leso ama mtandio, kina baba suruali ndefu, na mkikuta mzee amekaa barazani msalimieni kwanza, "Shikamoo mzee," kamera baadaye. Kama tarehe yenu ni Ijumaa niambieni mapema, sala inaanza karibu saa saba mchana na pale nje panajaa, kwa hivyo tunaondoka Rabai mapema zaidi, Gede tunakaa hadi saa tisa, na chakula cha mchana tunakula Gede kijijini badala ya Malindi. Jumapili ni kinyume chake, asubuhi Rabai kuna ibada na watu wako kanisani, kwa hivyo tunaanza na kaya.