Faili la mchezo wa maandishi halichagui kompyuta

Michezo ya maandishi ni ile unayoicheza kwa kuandika amri na kusoma kinachotokea. Kwa miaka mingi watu wameamini kwamba ya zamani inahitaji kompyuta yake ya zamani, au angalau toleo lililotengenezwa mahsusi kwa simu yako. Sivyo.

Mwaka 1979, Joel Berez na Marc Blank wa kampuni ya Infocom, Marekani, walikabili soko lililojaa kompyuta zisizoelewana. Badala ya kuuandika mchezo upya kwa kila moja, walibuni mashine ya kufikirika tu, Z-machine, na mchezo ukaandikwa kwa ajili ya hiyo. Kinachobadilika ni programu ndogo inayousoma, yaani mkalimani. Ndiyo maana faili la Zork, mchezo wa kampuni hiyo, lenye mwisho wa .z3, lisilozidi kilobaiti 128, hufunguka leo kwa mkalimani aitwaye Frotz kwenye Linux au Windows. Unaandika "open mailbox", sanduku la barua mbele ya nyumba nyeupe iliyomo mchezoni linafunguka, na kijikaratasi kimo ndani, kilekile.

Wengi hukwama kwa sababu hugusa faili lenyewe, simu ikagoma. Sakinisha mkalimani kwanza, kisha ulifungulie humo. Ila tazama mwisho wa jina: .z5 na .z8 ni ndugu wa .z3, lakini .ulx ni la Glulx na .gam ni la TADS, mifumo mingine ya michezo ya maandishi, nayo yana wakalimani wao. Na .exe? Hilo kweli limefungwa na mfumo wake.