Huyo kwenye magimbi sio nyoka, ni kiwavi

Masika ikishakolea simu yangu inaanza kupokea picha za aina moja. Wasapu inaingia asubuhi na mapema, picha imetikisika, kuna shina la gimbi na juu yake kitu kinene cha kahawia chenye macho mawili makubwa kinakutazama, chini yake mtu ameandika "mtaalamu huyu ni nyoka gani, watoto wanapita hapa kila siku". Anayetuma anaweza akawa Kibosho, anaweza akawa Marangu au huku kwetu Usa River, na mara nyingi nikimwomba picha ya pili naambiwa ameshapigwa jembe kitambo. Hiyo ya jembe ndo inaniuma, kwasababu yule hakuwa nyoka, alikuwa kiwavi, hana sumu, hang'ati, hawashi, na angeachwa angekuja kuwasaidia watu wa nyumba hiyohiyo.

Kuna bibi mmoja wa Machame yeye hakupiga. Alimfunika na beseni akaweka na jiwe juu, alafu akamtuma mjukuu wake anipigie. Nilivyofika akanipeleka nyuma ya nyumba, kwenye magimbi yaliyo kando ya mfongo, yaani mfereji wa maji, akasimama mbali kabisa akaniambia, "Mwanangu angalia vizuri, huyo ananinyanyulia kichwa." Nikatoa beseni. Kiwavi alikuwa ametulia kwenye shina, mrefu kama kidole cha kati, mwili laini hauna manyoya. Nikamgusa taratibu na kijiti cha mkahawa na hapohapo akabadilika, kichwa chake chenyewe, ambacho ni kidogo kama punje ya mtama, akakivuta ndani, shingo ikavimba ikawa pana kuliko mwili wote, yale madoa mawili yakatanuka yakawa macho kabisa, meusi, yana mzunguko mweupe, na hiyo sehemu ya mbele akaiinua akaanza kuitikisa huku na huku. Bibi akarudi nyuma hatua tatu. Na mimi nimefanya kazi ya wadudu miaka mingi lakini nawaambia ukweli, mwili unashtuka kabla akili haijakumbuka kuwa ni kiwavi.

Nikamwambia bibi sogea, angalia chini ya tumbo. Akaona miguu minene mifupi imeng'ang'ania shina, na kule chini ya "shingo" miguu mingine midogo midogo jozi tatu. Nyoka gani ana miguu? Alafu nikamwonyesha pembe moja mkiani, na kwenye majani ya chini vinyesi vikavu kama punje za pilipili manga. Bibi akakaa kimya kidogo, akasema, "Kumbe mla majani tu huyu, na mimi siku mbili siji mfongoni kuchota maji."

Yale macho sio macho. Ni rangi ya ngozi tu, imekaa pembeni mwa mwili nyuma kabisa ya kichwa. Macho yake ya kweli ni vidoa vidogo sana, sita kila upande wa kichwa, vinamsaidia kujua mwanga na giza na sio zaidi sana ya hapo. Hawa wa kwenye magimbi ni wa jamii ya Sphingidae, wale nondo wakubwa wenye mabawa membamba wanaokuja kwenye taa ya kibarazani na wanaelea mbele ya ua bila kutua. Hapa kwetu wapo wa aina nyingi, wengine viwavi vyao wanakula magimbi, wengine mizabibu, na yupo mmoja wa kijani mwenye macho ya bluu na nyeupe anapenda maua ya oleanda yanayopandwa kwenye mageti ya Moshi mjini, ule mti wenyewe una sumu kali lakini yeye anautafuna tu.

Sasa kwanini kiwavi ajifanye nyoka? Fikiria shore anaruka kwenye majani anatafuta chakula cha makinda. Anafunua jani, mbele yake kuna macho mawili na kichwa kipana. Hana muda wa kuchunguza. Akikimbia kumbe ni kiwavi, amepoteza tonge moja, lakini akikaa kuangalia kumbe ni nyoka kweli, amepoteza maisha na makinda yake yanakufa njaa. Kwahiyo ndege anayeishi muda mrefu ni yule mwoga, na kiwavi anakula kwenye huo uoga. Ndo maana mfano wenyewe hauhitaji kuwa mkamilifu, hauhitaji kufanana na kifutu au swila kwa kila kitu, ukimshtua ndege kwa sekunde moja tu yatosha.

Tena huo uoga kwa ndege wengine haufundishwi. Mwaka 1975 mtafiti Susan Smith alitoa matokeo ya kazi yake ya Costa Rica, alilea makinda ya ndege waitwao motmoti kwa mkono, hawajawahi kuona nyoka hata siku moja, alafu akawawekea vijiti vilivyopakwa rangi. Kijiti chenye pete za nyekundu na njano kama nyoka wa matumbawe wa kule, mwenye sumu kali, wakakikimbia, vya rangi zingine wakavidonoa. Na Kanada watafiti wengine walitengeneza viwavi vya unga uliokandwa wakavibandika kwenye matawi, vile vyenye macho ya kuchora na mbele pamevimba, ndege wa porini walivigusa kidogo kuliko vile vitupu. Unga tu jamani, na ndege ameogopa.

Mwingereza Henry Walter Bates, aliyekaa msitu wa Amazon miaka 11 kuanzia 1848, aliandika mwaka 1862 kuhusu kiwavi kikubwa kilichojitokeza kwenye majani kikamshtua kwa kufanana na nyoka mdogo. Alikibeba kijijini alikokuwa anaishi na watu wote wakaogopa. Kwahiyo usione aibu mama wa Kibosho, aliyeipa elimu ya viumbe maelezo ya jambo hili naye aliruka. Kule Amazon kuna kiwavi mmoja anaitwa Hemeroplanes, huyo amepita kiasi, akiguswa anajiachia ananing'inia kichwa chini, anageuza tumbo juu, anakunja miguu isionekane, sehemu ya mbele inavimba inakuwa kichwa cha nyoka chenye umbo la pembetatu na macho yenye nukta nyeupe kama yanang'aa, na anarusha kichwa kama anagonga. Huyo yuko Amerika tu, hayupo kwetu, nasema hivi kwasababu video zake zinasambazwa kwenye magrupu kama zimepigwa Tanzania.

Ila sio lazima uende mbali. Una mlimao au mndimu nyumbani? Nenda kaangalie majani machanga. Ukikuta kitu kama kinyesi cha ndege, cheusi chenye doa jeupe, kisogelee, kinaweza kuwa kiwavi kidogo cha kipepeo wa milimao. Akiwa mdogo hawezi kumdanganya mtu kuwa ni nyoka kwa ule udogo, kwahiyo anajifanya uchafu. Akikua anavua ngozi anakuwa wa kijani mnene. Sasa mbonyeze kidogo nyuma ya kichwa na kijiti: inachomoka pembe laini, rangi ya chungwa, imegawanyika ncha mbili kabisa kama ulimi wa nyoka, na hapohapo inapiga harufu kali ya uchachu inayokaa puani. Kichwa kikitulia inarudi ndani. Watoto wangu kila likizo wanataka kuiona tena.

Nirudi kwenye lile jembe. Yule wa kwenye gimbi akishiba anashuka chini, anaingia kwenye udongo au chini ya majani makavu ya migomba, anakaa humo ametulia akiwa pupa, alafu anatoka nondo. Na nondo hao ndo wanaobeba chavua ya mipapai jioni giza linapoingia, wanatoka mpapai dume wanaenda mpapai jike. Utafiti uliofanyika Kenya na kutolewa 2009 ulionyesha mashamba ya mipapai yanategemea nondo hawa na pori lililo jirani linakotunza hao nondo. Watu wanalalamika mpapai jike unatoa maua yanapukutika, na hukohuko shambani wamepiga dawa ya viwavijeshi kwenye kila kitu cha kijani, mahindi, magimbi, mpaka uzio. Kiwavijeshi pambana naye kwenye mahindi, huyo ni adui kweli. Huyu wa magimbi wanakuwa wawili watatu tu, majani aliyokula yanaota mengine. Kwenye kitalu cha milimao sawa, miche midogo wanaimaliza, hapo watoe kwa kijiti uwahamishie kwenye mti mkubwa.

Na tafadhali usishike kitu chochote kwa mkono mpaka uwe na uhakika, maana vifutu wapo kweli na watoto wapo. Simama mbali hatua mbili, angalia kwa pembeni sio kwa mbele, kwa mbele ndiko anakokudanganya. Tafuta miguu, tafuta pembe ya mkiani, tafuta jani lililoliwa na vile vinyesi vya duara chini yake. Nyoka anatoa ulimi mara kwa mara hata hujamgusa na ngozi yake ina magamba. Ukishindwa kuamua, toa watoto, mwite mtu wa wanyamapori wa karibu, na kama una simu piga picha ya pembeni nzima kuanzia kichwa mpaka mkia, hiyo ndo itakayonisaidia kukujibu haraka.