Mjamzito akilalamika kichwa usiku, msisubiri kukuche

Sisi wakunga wodi ya wazazi tunaletewa mama ameshaanguka kifafa mara mbili tatu huko nyumbani, ukiwauliza ndugu wanakwambia kichwa kilimuanza tangu juzi wakampa panadoli akalala, na wengine wameshapita kwa mganga kwanza kwa sababu walidhani amepandisha mashetani. Ndugu zangu hicho ni kifafa cha mimba, kinaendana na presha, na mara nyingi kinapiga hodi kabla ya kuingia.

Mimba ikishavuka wiki 20 msikilizeni vizuri anachosema. Kichwa kinauma na dawa haikitulizi, macho yanaona giza au vimulimuli, tumbo linauma kwa juu chini ya mbavu za kulia, uso na mikono imevimba ghafla mpaka pete haivuki. Miguu kuvimba kidogo jioni wengi inawatokea, lakini uso ukiamka umevimba nendeni mkapime siku hiyohiyo. Presha ikisoma 140 kwa 90 au zaidi mkojo unapimwa kama una protini. Na kuna wasiosikia chochote kabisa, ndo maana tunasisitiza kliniki hata kama unajiona mzima.

Akianza kukakamaa mlazeni ubavu wa kushoto, msimtie kijiko wala kidole mdomoni, msimpe kitu cha kunywa, na hata akitulia mpelekeni tu kwa sababu kinarudi, hospitali ndo kuna sindano ya magnesiamu salfeti ya kukizuia. Kujifungua nako hakumalizi hatari, kinaweza kuja mpaka wiki ya 6.

Damu baada ya kujifungua ndo haina subira hata kidogo, mama anaongea vizuri tu na ndani ya saa 2 mnaweza kumpoteza huku watu wanasema muacheni uchafu utoke. Pedi au khanga mbili tatu zikiloa ndani ya nusu saa, au mabonge makubwa, kizunguzungu, jasho la baridi, hapo tafuteni usafiri. Wakati mnasubiri mtoto anyonye, mama akojoe, na mtu amsugue tumbo chini ya kitovu mpaka kizazi kiwe kigumu.

Kwa Tanzania pigeni 115, ni bure, ndo namba ya m-mama, mpango wa usafiri wa dharura kwa wajawazito na waliojifungua, ambulensi ikikosekana wanatuma dereva wa jamii aliyesajiliwa na familia haimlipi. Utafiti wa kitaifa wa 2015-16 ulikuta vifo 556 vya akina mama kwa kila vizazi hai 100,000, wa 2022 ukakuta 104, tumepiga hatua kubwa ila bado tunawazika.

Mama mkwe, wifi, jirani, tafadhali msikae kumpigia baba simu mpaka apatikane ndo mtoke. Mkubaliane mapema nani anaamua baba akiwa safarini, 115 iwe kwenye simu ya kila mtu mzima hapo nyumbani, na mkija njooni na kadi ya kliniki pamoja na ndugu wawili wanaoweza kuchangia damu.