Kieślowski, dairekta aliyeiogopa kamera yake

Nikitaja jina la Krzysztof Kieślowski, dairekta wa filamu wa Poland, kwa watu wa kuediti muvi wenzangu, wengi wanajua zile muvi zake tatu zenye majina ya rangi, Blue, White na Red, basi wanaishia hapo. Sawa, ndizo zilizompa jina duniani, ila ukianzia mwisho humwelewi huyu mzee, maana miaka mingi ya mwanzo alikuwa mtu wa dokumentari, na kilichomtoa huko sio hela wala umaarufu, ni woga. Aliogopa kuumiza watu kwa kamera.

Historia yake kwa haraka: kazaliwa Warsaw 1941, baba anaumwa kifua kikuu kwa hiyo familia inahamahama, akajaribu chuo cha zimamoto akakimbia baada ya miezi michache, chuo cha filamu cha Łódź kikamkataa mara mbili na mara ya tatu ndo wakamchukua, 1964. Alivyotoka akaanza kupiga picha maisha ya kawaida ya Poland ya kikomunisti, viwandani, hospitali, maofisini, vitu ambavyo kwenye taarifa za serikali huvioni vilivyo.

Sasa angalia shida ilivyoanza. 1974 akatoa dokumentari kuhusu vijana wawili wanaooana huku binti ana mimba, kamera ikawafuata mpaka mtoto anazaliwa, na kuna sini polisi anawagongea mlango, polisi wa kweli, ila aliyempanga aende ni Kieślowski mwenyewe! Baadaye alisema machozi ya kweli yanamtisha, hajui kama ana haki ya kuyapiga picha. 1977 akampiga picha mlinzi wa kiwanda anayependa sheria na adhabu kupita kiasi, dokumentari kali sana, halafu yeye huyohuyo akapinga isirushwe kwenye TV kwa sababu yule mlinzi angedhalilika mbele ya majirani. Fikiria, dairekta anaizuia kazi yake mwenyewe.

Ukijua hayo, Amator ya 1979 inasomeka tofauti kabisa. Ni muvi ya kutunga: mfanyakazi wa kiwanda ananunua kamera ndogo ampige picha mwanae, anakolea, anaanza kupiga picha mambo ya kiwanda, mke anaondoka na mtu anapoteza kazi kwa sababu ya alichokipiga, na mwisho jamaa anajigeuzia kamera yeye mwenyewe. Ilichukua zawadi kuu kwenye tamasha la filamu la Moscow mwaka huohuo.

Pigo lenyewe likaja 1980 akiwa anapiga picha stesheni kuu ya treni Warsaw, mara polisi wakachukua mikanda yake yote. Kumbe wanamtafuta binti aliyemuua mama yake na kuweka mwili kwenye masanduku pale stesheni, wakadhani huenda kanaswa kwenye mikanda hiyo. Hakuwemo. Ila Kieślowski akajiuliza, je angekuwemo? Si angekuwa amewafanyia polisi kazi bila kujua! Akaona dokumentari basi.

Hata hivyo 1982, nchi iko chini ya utawala wa kijeshi, akajaribu tena, akaomba kibali cha kupiga picha kesi za kisiasa mahakamani, na hapa ndo kituko kikatokea: kamera ikiwepo mahakimu wanaogopa kuonekana wakitoa hukumu za ovyo, hawafungi mtu. Mawakili wakashtuka wakawa wanamuita kila kesi, ikabidi atafute kamera ya pili, na kuna siku ilikuwa haina hata mkanda ndani, ipo tu hakimu aione. Dokumentari yenyewe haikupatikana maana hakuna hukumu za kuonyesha, ila palepale alimpata wakili Krzysztof Piesiewicz, ambaye aliandika naye skripti kuanzia No End ya 1985 mpaka mwisho wa kazi yake.

Wazo la Dekalog pia lilikuwa la Piesiewicz, muvi kumi za kama saa moja moja kwa ajili ya televisheni, karibu zote kwenye maghorofa yaleyale ya Warsaw. Kwangu mimi ya tano ndo kilele. Kijana anamuua dereva teksi, kisha serikali inamnyonga yule kijana, na hakuna sehemu ya kupumzika, mkono wako wa kuediti unataka kukata shoti lakini yeye hakati, unakaa pale mpaka mtu anakufa. Mpigapicha Sławomir Idziak kaweka filta za kijani mpaka Warsaw nzima inaonekana kama imeoza. Toleo lake refu likachukua zawadi ya majaji kwenye tamasha la filamu la Cannes 1988.

Na jicho la dokumentari halikufa hata kwenye Blue. Kuna shoti ya kipande cha sukari kinanyonya kahawa, akataka kijae kwa sekunde 5 hivi, zaidi ya hapo mtazamaji anachoka, basi msaidizi akatumwa kujaribu sukari za kila aina mpaka ipatikane inayolowa kwa kasi hiyo. Wanaosema huyu mzee ni wa mafumbo tu wapime hiyo.

Red ya 1994 nadhani ndo anajieleza yeye mwenyewe zaidi, jaji mstaafu anakaa nyumbani anasikiliza simu za majirani kwa siri, anajua kila kitu na hamsaidii yeyote, mpaka siku binti mmoja anamuuliza anafanya nini. Mwaka huohuo Kieślowski akatangaza anaacha kuongoza muvi. Machi 1996 akafariki baada ya operesheni ya moyo, ana miaka 54, na bado alikuwa anaandika na Piesiewicz.