Gavana wa kura na gavana wa kuteuliwa

Juzi nimemsikia tena jamaa kibarazani akisimulia, kwa uhakika wa mtu aliyekuwepo, kwamba Australia kulikuwa na mcheza mpira mweusi aliyegombea ugavana, akapigiwa kura, akashinda. Mara ya kwanza kuisikia hadithi hii nilinyamaza. Juzi ilikuwa ya tatu.

Kwa ufupi, gavana ni mtu aliyekabidhiwa eneo alisimamie. Nani kamkabidhi? Hapo ndipo watu wanapopotea.

Mchezaji mwenyewe hakubuniwa. Ni Doug Nicholls, aliyezaliwa 1906 huko Cummeragunja, makazi ya Waaborijini, wenyeji wa asili wa Australia, katika jimbo la New South Wales. Mpira wake si soka, na tafadhali msiuite raga. Ni mpira wa Waaustralia, ambao kanuni zake ziliandikwa Melbourne mwaka 1859: uwanja wa umbo la yai, watu 18 kila upande, milingoti minne kila goli. Nicholls alikuwa mfupi, kama sentimita 158, lakini mbio alizokuwa nazo zilimshindia hata mashindano ya riadha ya fedha. Klabu ya Carlton haikumtaka, sababu ikiwa ngozi yake. Akachezea Northcote, kisha Fitzroy kuanzia 1932, na mwaka 1935 akawa Mwaborijini wa kwanza kuiwakilisha timu ya jimbo la Victoria. Baadaye akawa mchungaji. Mwaka 1972 alipewa cheo cha Sir, na Desemba 1976 akaapishwa kuwa gavana wa jimbo la Australia Kusini. Miezi mitano tu, maradhi yakamtoa.

Sanduku la kura halimo popote katika habari hiyo.

Neno gavana asili yake ni baharini, na sisi watu wa pwani tulistahili kulijua hilo kabla ya wengine. Wagiriki walikuwa na kitenzi kubernan, yaani kushika usukani. Warumi wakakichukua kikawa gubernare, kikapita kwa Wafaransa, kikafika kwa Waingereza, na sisi tukakipokea kikiwa kimeshakauka maji ya chumvi. Gavana ni mshika usukani. Aliyepanda jahazi anajua kuwa mshika usukani si lazima awe mwenye chombo, wala hakai pale kwa kuwa abiria wamemchagua. Amekalishwa. (Nahodha nalo ni neno la Kiajemi, bwana wa chombo, lakini tukiingia huko hatutoki leo.)

Kinachoniuma ni kwamba jambo hilihili tulikuwa na neno lake kabla Mwingereza hajatuletea lake: liwali. Ni al-wali ya Kiarabu, ile al ikagandana na neno ndimini mwetu mpaka haionekani tena. Mzizi huohuo ndio uliotupa walii, yule anayesimama kumuozesha binti. Wanakutana hapa: walii haolewi yeye, na liwali hakutawala kwa jina lake. Liwali wa Mombasa alikaa pale badala ya Sultani wa Unguja. Tungelishika neno hilo vizuri, jamaa yangu asingepotea, maana angeambiwa tu kwamba Sir Doug alikuwa liwali wa Malkia Elizabeth II wa Uingereza, aliyekuwa Malkia wa Australia pia, kule Adelaide, mji mkuu wa Australia Kusini.

Mfano huo haukai sawasawa, najua. Liwali alikuwa akihukumu kesi. Gavana wa jimbo la Australia hutia saini miswada, huapisha mawaziri, na katika karibu kila jambo hufuata ushauri wa waziri kiongozi wa jimbo. Wakati wa Nicholls huyo alikuwa Don Dunstan, na ndiye aliyependekeza jina lake. Nasema "karibu" kwa sababu Novemba 1975, mwaka mmoja tu kabla, Gavana Mkuu wa nchi nzima, John Kerr, alimfuta kazi Waziri Mkuu Gough Whitlam, ambaye ndiye aliyekuwa na wingi wa viti katika baraza la chini. Waaustralia wanabishana juu ya siku ile hadi leo.

Kilichotuchanganya sisi Wakenya ni Katiba ya 2010. Tangu uchaguzi wa 2013 tuna magavana 47 wa kura, wenye mabango na misafara, na sasa mtu akisikia gavana anaona kampeni. Mbona Gavana wa Benki Kuu hatumpigii kura, na hakuna anayeshangaa? Na Malcolm MacDonald, gavana wetu wa mwisho wa kikoloni, alichaguliwa na nani? Huyohuyo MacDonald, baada ya uhuru wa Desemba 1963, alibaki nasi mwaka mzima akiwa Gavana Mkuu, mwakilishi wa Malkia ndani ya nchi iliyo huru, mpaka tukawa jamhuri. Tanganyika nayo ilipita hapohapo kati ya 1961 na 1962. Australia haijatoka hapo.

Sisemi Nicholls hakuwa na siasa. Alikuwa nazo tele: alidai haki za watu wake kwa miongo, na alikuwemo katika kampeni ya kura ya maoni ya 1967 kuhusu Waaborijini katika katiba ya Australia, ambayo zaidi ya asilimia 90 ya wapiga kura walisema ndiyo. Ila siasa hizo alizifanya akiwa raia na mchungaji. Kiti cha ugavana kilimtaka asiwe na upande.

Kwa hiyo, ndugu yangu wa kibarazani, hadithi yako ni nzuri na usiache kuisimulia. Badilisha kitenzi tu: si "alichaguliwa", ni "aliteuliwa". Na ukifika pale unaposema gavana wa Australia, ongeza "Kusini".