Kuondoa maombi Mahakama Kuu ukafungue kesi ya madai: omba ruhusa kwanza

Kuna mzee alikuja kwenye dawati letu la msaada wa kisheria na amri ya mahakama, karatasi moja imekunjwa mara nne, imeandikwa tu maombi ya mapitio ya kimahakama yameondolewa, kila upande ubebe gharama zake. Basi. Yeye anajua kesi imehamia madai, si aliambiwa "tunaitoa huku tunaipeleka kule". Jamani, kesi haijihamishi.

Mapitio ya kimahakama, yaani pale unapoiomba Mahakama Kuu ifute uamuzi wa ofisi ya umma au iilazimishe itimize wajibu wake, kazi yake ni kuangalia uamuzi ulifikiwaje: ulisikilizwa? aliyeamua alikuwa na mamlaka? Ushahidi wenyewe ni viapo vya maandishi. Sasa kama ugomvi ni kiwanja cha nani, bikoni (alama ya mpaka) ilikuwa wapi, hati ipi feki, jaji atajuaje kwa kusoma viapo viwili vinavyopingana? Hapo panataka mashahidi wapande kizimbani wadodoswe, mpimaji alete ramani yake. Na fidia ya nyumba iliyovunjwa, hiyo ni ya kesi ya madai. Kwahiyo kuondoa maombi mapema wala sio kushindwa, mara nyingi ni akili.

Shida ni namna ya kuondoa. Amri ya 23 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai ya Tanzania inasema ukiondoa kesi bila ruhusa ya kufungua upya unaweza kubebeshwa gharama na huwezi kurudi tena kwa jambo lilelile. Kanuni hiyo tumeirithi India, na Mahakama ya Juu ya huko mwaka 1986 ilisema aliyeondoa maombi ya aina hii bila ruhusa harudi na maombi mapya Mahakama Kuu, ila kesi ya madai hazuiwi. Sawa, lakini hiyo ni ya India, ya nini uanze kubishana na wakili wa serikali juu ya hilo wakati sentensi moja tu ingetosha? Siku ya kuondoa mwambie wakili aombe ruhusa ya kufungua shauri jipya, na mhakikishe imeandikwa kwenye amri.

Halafu muda. Amri hiyohiyo ya 23 inasema ukomo, yaani muda wa mwisho wa kufungua kesi, unahesabiwa kama vile kesi ya kwanza haikuwahi kuwepo: madhara ya kubomolewa miaka 3, mkataba 6, kudai ardhi 12. Ndio, sheria inaruhusu kutohesabu muda uliopotea kwenye mahakama isiyo na mamlaka, ila lazima uonyeshe ulikuwa na nia njema na hukulala. Tuseme nyumba ilivunjwa Machi 2023 na maombi umeondoa Januari 2026, umebaki na miezi 2 na kuishtaki serikali kunataka notisi ya siku 90, yaani kuitaarifu kwanza kwa maandishi kabla ya kufungua kesi! Ndio maana tunasema notisi itoke maombi yakiwa bado mahakamani. Tena tangu marekebisho ya 2020, hata unayeishtaki ni halmashauri, Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe, ukimsahau kesi inakufia mkononi.

Mzee tulimwandikia notisi sikuileile, nakala ya Mwanasheria Mkuu na nyingine ya mzee mwenyewe, tukamwambia asitoke masjala mpaka hiyo ya kwake igongwe mhuri wa kupokelewa wenye tarehe.