Je wajua El Mariachi ilitengenezwaje kwa dola 7,000?

Watu wa muvi wakikaa kijiweni lazima mmoja amtaje Robert Rodriguez, yule jamaa wa Texas aliyetoa muvi nzima, El Mariachi, kwa dola 7,000 hivi. Ni kweli, ila wengi hawasemi hela ilitoka wapi na ikaishia wapi, na hapo ndo penye utamu.

Mwaka 1991 Rodriguez alikuwa mwanafunzi tu wa chuo kikuu pale Austin, mfadhili hana, akaenda kujitolea kufanyiwa majaribio ya dawa ya kushusha kolestro, analala humo humo kituoni, anatolewa damu, analipwa, na skripti anaandikia mle mle. Akatoka na kama dola 3,000, tena na adui wa muvi juu, maana Peter Marquardt aliyecheza bosi wa majambazi walikutana humo kwenye majaribio. Marquardt Kihispania hajui na muvi ni ya Kihispania, ikabidi akariri tu.

Shuti ikapigwa Ciudad Acuña, mji wa Meksiko mpakani na Texas, nyumbani kwa rafiki yake Carlos Gallardo ambaye ndo steringi. Skripti ilifuata vitu vilivyopo: kuna basi, kuna mbwa, kuna baa, kuna jela, basi vyote vimo. Krui hamna, kamera kashika mwenyewe, akitaka itembee anakaa kwenye wilichea wanamsukuma.

Kilichokula hela ni mkanda. Enzi hizo hakuna memori kadi, mkanda wa milimita 16 ukishapita kwenye kamera ndo basi, na kuusafisha unalipia tena, kwa hiyo teki moja tunasonga. Halafu kamera yenyewe ya kuazima ilikuwa na kelele kama cherehani, sauti ikawa haiwezi kurekodiwa pamoja na picha, so anapiga picha kwanza, kisha anazima kamera na kuwaambia warudie maneno yale yale anayarekodi pembeni, akija kwenye kuediti mdomo na sauti vikianza kuachana anakata fasta anakuonyesha sura ya mwingine, au mbwa. Ile kasi ya kukatakata picha wanayoisifia kama staili yake, kwa sehemu ilizaliwa na shida hiyo.

Na hakuwa anawaza majumba ya sinema, alitaka kuuza kwenye soko la kanda za video la Kihispania. Columbia, studio kubwa ya Hollywood, wakaichukua, na 1993 ikabeba tuzo ya watazamaji kwenye tamasha la filamu la Sundance, Marekani. Sasa hapa ndo watu wanapojichanganya: 7,000 ni bei ya kushuti mpaka kuipata kwenye video, ile iliyoingia sinema Columbia waliimwagia hela nyingine nyingi tu, kuihamishia kwenye mkanda wa milimita 35, ule wa kuonyeshea sinema, na kutengeneza sauti upya. Marekani peke yake iliingiza zaidi ya dola milioni 2.

Mwendelezo wake, Desperado wa 1995, ulipewa kama dola milioni 7, steringi akawekwa Antonio Banderas, na Gallardo akapewa kipande kidogo.